Geti la mfereji liliangushwa na hesabu mbaya na jina bovu

Ndugu Mhariri,

Naomba unipatie nafasi katika ukurasa wa barua nieleze kilicholiangusha geti la mfereji wetu wa umwagiliaji msimu uliopita, kwa sababu maelezo yaliyozagaa hapa kwetu, kwamba chuma cha siku hizi hakina nguvu, si ya kweli, na yakiachwa hivyo geti litaanguka tena. Chuma hakikuwa na kosa lolote. Mtu alihesabu vilele kumi vya hesi, yaani meno yanayozunguka parafujo, akadhani amehesabu nafasi kumi, na muuzaji alituuzia shaba ya njano kwa jina la shaba tu, nasi tukaipokea kwa jina hilo hilo bila kuuliza ni shaba gani.

Geti lenyewe ni bamba zito linalopandishwa na kushushwa kwa parafujo refu lenye kipenyo cha milimita 40. Parafujo hilo hupita ndani ya nati iliyofungwa juu ya kiunzi, na nati hiyo ndiyo inayobeba uzito wote wa bamba pamoja na msuguano unaotokana na maji kulikandamiza bamba kwenye reli zake. Hesi zake, ambazo vijana wa karakana huziita thredi, si zile za pembetatu za bolti ya kawaida, bali ni za umbo la trapeza, bapa juu na zenye mbavu zilizolala kidogo, kwa pembe ya digrii 30 kati ya ubavu na ubavu. Nati ya kiwandani ilikuwa ya bronzi, yaani shaba nyekundu iliyochanganywa na madini ya bati. Ilipolika baada ya miaka mingi, na kulika ndiyo kazi iliyoundwa kuifanya ili parafujo lipone, uongozi wa skimu uliipeleka kwenye karakana moja mjini ikachongwe nyingine.

Nimezungumza na kijana aliyeichonga, naye kwa uungwana wake hakunificha kitu. Aliweka rula juu ya parafujo, akaanza ukingoni mwa kilele cha kwanza, akahesabu mpaka kilele cha kumi, akasoma milimita 63, akagawa kwa kumi, akapata 6.3. Jedwali lake halikuwa na hesi ya trapeza yenye hatua, yaani umbali kutoka kilele hadi kilele, ya 6.3, lakini robo inchi ni milimita 6.35, na hapo akaridhika kwamba mashine ile bila shaka ni ya vipimo vya Kiingereza, yenye hesi nne kwa kila inchi. Kumbe vilele kumi vina nafasi tisa tu katikati yake, kama nguzo kumi za uzio zilivyo na nafasi tisa. Gawa 63 kwa tisa unapata saba kamili, na milimita saba ndiyo hatua ya kawaida ya hesi ya trapeza yenye kipenyo cha milimita 40. Simcheki kijana huyu. Kosa hilo nililifanya mimi mwenyewe nikiwa mwanagenzi, na mzee aliyekuwa akinifundisha alinisimamisha mbele ya wenzangu nihesabu vidole vya mkono wangu mmoja, kisha nihesabu mianya iliyo kati ya vidole hivyo.

Ubaya wa kosa hili ni kwamba lilileta jibu linaloaminika. Laiti angepata 5.9 au 6.7, huenda angeshtuka na kurudia. Lakini alipata namba iliyokaribiana mno na kipimo halisi cha mfumo mwingine, na mashaka yote yakamtoka. Tofauti kati ya 6.35 na 7 ni milimita 0.65, ambayo kwa jino moja haionekani kwa macho, ila hujikusanya kila hesi inapozidi kuingia. Nati mpya iligoma kabla ya kumaliza mzunguko wa pili. Hapo ndipo swali lilipotakiwa kuulizwa, lakini wakulima walikuwa wanangoja maji, na badala ya kupima upya waliifupisha nati ikabaki na meno matatu, kisha wakayapunguza meno hayo unene mpaka ikapita. Ikapita kweli, ikazunguka laini, watu wakafurahi. Hakuna aliyeona kwamba katika meno yale matatu lililokuwa likigusa parafujo na kubeba geti zima ni moja tu, nalo lilikuwa limeshakondeshwa. Lilipong'oka, mzigo ukaliangukia la pili, na la pili halikukaa hata dakika.

Namna ya kupima hatua ya hesi si siri, na haihitaji mashine ya bei kubwa. Kifaa chake ni geji ya hesi, yaani kifurushi cha mabamba membamba yenye meno kama msumeno, kila bamba likiwa limeandikwa namba yake, na fundi hujaribu moja baada ya jingine mpaka lipatikane lile linalokaa ndani ya hesi bila mwanga kupenya chini yake. Asiye na geji anaweza kutumia bolti anayoijua: ailaze ubavu kwa ubavu na ile asiyoijua, aziinue kuelekea dirishani, aone kama meno yanaumana kwa urefu wote au yanaanza kupishana baada ya vilele vitano au sita. Kwa hesi kubwa kama za geti letu, rula yatosha kabisa, mradi upime nafasi nyingi kwa mkupuo mmoja. Mimi hupenda nafasi 20, kwa maana kwamba nahesabu vilele 21, kwa sababu kosa la nusu milimita katika kusoma rula likigawanywa kwa 20 halina madhara tena. Na pimeni mwisho wa parafujo ambako nati haijawahi kufika. Parafujo la geti hulika katikati, pale linapofanya kazi kila siku, na ukipima hapo unapima uchakavu badala ya kipimo cha kiwandani.

Geji ina faida nyingine ambayo rula haina, nayo ni kuonyesha pembe. Hesi za Whitworth, yaani za kipimo cha zamani cha Kiingereza, zina pembe ya digrii 55, ilhali za Kimarekani na za mfumo wa metriki zina digrii 60, na zipo bolti za mifumo miwili ambazo hatua yake ni ileile lakini mbavu hazikai pamoja. Bolti ya robo inchi ina hesi 20 kwa inchi katika Whitworth na pia katika hesi kubwa za Kimarekani. Ya inchi tatu kwa nane ina 16 katika mifumo yote miwili. Ukifika nusu inchi tu, njia zinaachana: Whitworth ina 12, Marekani ina 13. Nati ya moja huingia kwenye bolti ya nyingine mizunguko michache, kisha hukaza, na aliyeshika spana huamini kwamba imefungwa sawasawa, kumbe imekwama. Nimeona magurudumu ya trela yaliyofungwa kwa namna hiyo, na siku hizi nikiwa barabarani nyuma ya trela siwi na raha.

Kuhusu mabomba ya maji nitasema kwa kifupi. Bomba tunaloliita la nusu inchi lina hesi zenye kipenyo cha nje cha karibu milimita 21, na hakuna mahali popote kwenye bomba hilo utakapopata milimita 12.7. Nusu inchi ni jina lake la ukoo, si kipimo chake. Atakayeagiza nati au valvu kwa kupima bomba lake kwa rula na kutaja namba aliyoisoma atauziwa kitu kingine.

Msomaji anaweza kuuliza kwa nini tumebebeshwa mifumo yote hii. Joseph Whitworth alikusanya bolti kutoka karakana nyingi za Uingereza, akatafuta wastani wake, na mwaka 1841 akapendekeza kipimo kimoja kwa wote, kwa sababu kabla ya hapo kila karakana ilikuwa na hesi zake. Mwaka 1864 William Sellers wa Philadelphia alipendekeza mfumo mwingine kwa Marekani, akisema pembe ya digrii 60 ni rahisi zaidi kuichonga na kuikagua, na kwa upande huo nadhani alisema kweli. Wamarekani wenyewe walilipia tofauti za namna hii mwezi Februari 1904 mji wa Baltimore ulipowaka moto: wazimamoto walikuja kutoka miji mingine, wakakuta vichwa vya mipira yao havifungi kwenye mabomba ya Baltimore, na zaidi ya majengo 1,500 yaliteketea. Ilihitajika vita vikuu vya pili kuisha ndipo Uingereza, Marekani na Kanada zitie saini mwaka 1948 makubaliano ya hesi za inchi zinazoingiliana, na kwa wakati huu sehemu kubwa ya dunia hutumia metriki. Sisi tumerithi vyote. Mashine ya kusaga inaweza kuwa inaendeshwa na injini ya Lister ya vipimo vya Uingereza, kando yake pana pampu ya Kichina ya metriki, na nje limeegeshwa trekta lenye bolti za mfumo wa 1948. Fundi wa hapa kwetu anatakiwa kujua mengi kuliko fundi wa Birmingham au wa Shanghai, na sidhani kama analipwa kwa hilo.

Hata mashine za kukereza zina ukoo. Mashine ambayo parafujo lake kuu ni la inchi haiwezi kuchonga hesi ya metriki kwa usahihi kamili mpaka ifungwe gia yenye meno 127. Namba hiyo haikuchaguliwa kwa kubahatisha: inchi moja ni milimita 25.4 kamili, na 25.4 ukiizidisha mara tano unapata 127, namba isiyogawanyika kwa nyingine yoyote isipokuwa moja na yenyewe. Karakana nyingi za mitaani zimepoteza gia hiyo au hazikuwahi kuwa nayo, na huo ni mzizi mwingine wa kishawishi cha kusema hesi fulani ni ya inchi hata pale isipokuwa ya inchi.

Sasa nije kwenye shaba, ambako nina hasira zaidi. Lugha yetu imewapa jina moja ndugu watatu. Waya wa umeme ni wa shaba, njumu za milango ya Unguja ni za shaba, mshindi wa tatu katika riadha huvishwa medali ya shaba, na katika mifano hiyo mitatu tumetaja metali tatu tofauti. Ya kwanza ni shaba nyekundu, isiyochanganywa. Ya pili ni shaba ya njano, mchanganyiko wa shaba nyekundu na zinki. Ya tatu ni bronzi, ambayo kwa asili yake ni shaba nyekundu iliyochanganywa na bati, ingawa siku hizi ipo pia ya alumini na ya silikoni. Katika mashairi hakuna hasara kuita zote shaba. Dukani ni hasara, kwa sababu zinki ni rahisi na bati ni ghali, na muuzaji anayesema "hii ni shaba ya bushi", yaani ya pete ambamo shafti huzunguka, hajasema uongo wala hajasema kitu.

Bati hufanya kazi gani ndani ya shaba? Katika bronzi ya kusubu yenye bati kama asilimia 10, hutokea chembe ngumu zilizotawanyika ndani ya metali laini zaidi. Chembe hizo hubeba mzigo, na ile sehemu laini hulika kidogo kuzizunguka na kuacha vijishimo vinavyohifadhi mafuta, hivyo shafti ya chuma huteleza juu yake bila kung'ang'aniana nayo. Chuma juu ya chuma, grisi ikikauka, hushikana mpaka kimoja kinang'oa ngozi ya kingine. Hiyo ndiyo sababu nati ya geti, nati za mashine ya kukereza yenyewe, na gurudumu la meno linalosukumwa na parafujo katika winchi huwa za bronzi ilhali wenzi wake ni wa chuma. Ni heri ilike nati, ambayo hubadilishwa kwa nusu siku, kuliko lilike parafujo la mita tatu.

Bronzi zenyewe hazifanani. Ile ya zamani ya mizinga, yenye shaba 88, bati 10 na zinki 2 kwa mia, hufaa valvu na pampu, hata za maji ya chumvi. Bronzi ya fosforasi, yenye bati kama asilimia 10 na fosforasi kidogo, ni ngumu zaidi, na hiyo ndiyo ninayoichagua kwa nati ya mzigo mzito na mwendo wa polepole. Ile yenye bati, zinki na madini ya risasi, tano tano kwa mia, hukerezeka kwa urahisi na huvumilia bushi iliyokosa mafuta kwa muda, lakini kwa ajili ya risasi yake nisingeiweka kwenye bomba la maji ya kunywa. Bronzi ya alumini na nikeli ndiyo inayosubiwa rafadha za meli. Hapa Morogoro, beringi za rola za kukamulia miwa katika viwanda vya sukari ni kazi ya bronzi tangu zamani. Na katika feni ya mezani mna bushi ndogo ya unga wa bronzi ulioshindiliwa na kuokwa, yenye vitundu visivyoonekana vilivyonyweshwa mafuta. Anayeisafisha kwa petroli huyaosha mafuta hayo, kisha hulalamika kwamba feni ilikuwa nzima kabla haijaoshwa.

Nati yetu haikuwa mojawapo ya hizo. Ilikuwa ya shaba ya njano, na ndani ya mfereji shaba ya njano ina maadui wawili. Maji yasiyo mema huinyonya zinki yake taratibu, ikabaki na rangi ya waridi na kumeguka kama biskuti. Adui wa pili ni amonia, ambayo huipasua shaba ya njano iliyo chini ya mkazo. Jeshi la Uingereza huko India lilijifunza hayo kwa risasi zilizohifadhiwa kwenye mazizi ya farasi wakati wa masika, maganda yake yakawa yanapasuka yenyewe kwa amonia ya mkojo. Nasi mashambani humo tunamwaga mbolea za amonia na urea kila msimu. Sidai kwamba nati yetu iliuawa na mbolea, maana hatua mbaya iliiwahi. Nasema tu kwamba hata ingechongwa vizuri, isingekuwa na maisha marefu.

Kuzitofautisha kwa macho na kwa mikono inawezekana kwa kiasi kikubwa. Kwangua kwa tupa mahali pasipo na kutu uangalie rangi: shaba ya njano hung'aa njano, bronzi ya bati huelekea wekundu wa hudhurungi. Ila bronzi ya alumini nayo ni ya rangi ya dhahabu, kwa hiyo rangi pekee isikudanganye. Sumaku hukufichulia chuma kilichopakwa rangi ya shaba. Anayesubu atajua kwa moshi: zinki huchemka kwenye nyuzi joto 907, kabla ya shaba nyekundu kuyeyuka kwenye 1,085, kwa hiyo kalibu ikitoa wingu jeupe zito, humo mna shaba ya njano, na aliyelivuta wingu hilo jioni atapata homa ya kutetemeka inayofanana na malaria.

Jambo moja hunishangaza. Shaba ya Katanga na ya Zambia hupita hapa nchini kwa malori na kwa treni ya TAZARA kwenda bandari ya Dar es Salaam, na bati huchimbwa Kyerwa mkoani Kagera, Rwanda na Maniema nchini Kongo. Tumezungukwa na viungo vyote viwili vya bronzi, halafu bronzi yenyewe tunaitafuta kwenye marundo ya chuma chakavu, tukibahatisha kwa rangi.

Maombi yangu ni madogo. Wauzaji wa vipuri waandike kwenye stakabadhi hatua ya hesi, si kipenyo peke yake, na waandike aina ya metali badala ya neno shaba. Kama hawajui ni aina gani, waandike kwamba haijulikani, na bei ifuate ukweli huo. Viongozi wa skimu, wanapopeleka kipuri kuchongwa, wapeleke na parafujo lake au kipande chake, wasipeleke nati iliyolika peke yake. Fundi naye asikubali kukondesha meno ya nati iliyogoma kabla hajapima upya mbele ya mwenye mali.

Nati ya sasa ilichongwa na kijana yule yule, kwa bronzi ya fosforasi, urefu wa milimita 60, hivyo inashika hesi nane na ushei. Gia ya meno 127 tuliiazima kwa mzee mwenzangu aliyekuwa ameifungia sandukuni tangu astaafu. Kabla ya kuwasha mashine nilimwomba kijana apime tena. Akahesabu vilele 21, akasoma milimita 140, akaniangalia, kisha akagawa kwa 20. Kwenye kiunzi cha geti amegongelea kibati chenye maandishi haya: Tr 40 x 7, bronzi ya fosforasi.

Wako,
Mkerezaji mstaafu,
Morogoro